Kigogo, Kiswahili na Kiarabu: Nasaba na Ukopaji kwa Mwanga wa Kiyidi, Kijerumani na Kiebrania

1.0 Utangulizi

Katika kata ya Nzuguni, jijini Dodoma, vipo viwanja vya maonesho ya wakulima ambayo kilele chake ni tarehe 8 Agosti, siku iitwayo Nanenane. Mwezi mmoja kabla ya hapo, tarehe 7 Julai, ni Sabasaba, siku inayokumbusha kuasisiwa kwa chama cha TANU mwaka 1954. Majina haya mawili yameundwa kwa kanuni moja, yaani urudufu wa namba ya siku na ya mwezi, lakini nasaba zake hazifanani. Saba ni neno lililotoka katika Kiarabu. Nane ni neno la Kibantu, ambalo wanaisimu wengi hulihusisha na nne iliyorudufiwa. Mzungumzaji anayeyatamka yote mawili hahisi kuwa amevuka mpaka wowote.

Makala haya yanaanzia hapo kwa sababu ya dai moja linalosikika mara kwa mara, hata miongoni mwa wanafunzi wa isimu, kwamba Kiswahili ni Kiarabu kilichochanganywa na lugha za wenyeji. Dai hilo lina madhara katika utafiti. Anayelikubali hufungua kamusi ya Kiarabu kwanza, na Kigogo, kinachozungumzwa nje ya dirisha lake, hukiona kuwa hakina la kumwambia kuhusu historia ya Kiswahili. Ili kuonesha kosa lilipo, tutapitia kwanza lugha iliyowahi kushutumiwa vivyo hivyo, nayo ni Kiyidi.

2.0 Kiyidi kati ya Kijerumani na Kiebrania

Kiyidi ni lugha ya Wayahudi wa Ulaya ya kati na ya mashariki. Kilichipuka katika lahaja za Kijerumani cha Enzi za Kati, na sentensi yake kongwe yenye tarehe imo katika kitabu cha sala cha mji wa Worms cha mwaka 1272. Huandikwa kwa herufi za Kiebrania. Msamiati wake wa dini, elimu na maisha ya jumuiya umetoka kwa kiasi kikubwa katika Kiebrania na Kiaramu, na baadaye lugha za Kislavi nazo zikaongeza fungu lake. Licha ya hayo, wanaisimu wa historia hukiweka katika familia ya lugha za Kijerumaniki, kwa kuwa viwakilishi, vitenzi vya msingi na sehemu kubwa ya mofolojia ni vya asili hiyo. Kiebrania ni lugha ya Kisemiti, ndugu wa Kiarabu. Kwa hiyo Kijerumani ni jamaa wa Kiyidi kwa nasaba, ilhali Kiebrania ni mkopeshaji wake.

Mfano mmoja unatosha. Kitenzi ganvenen, “kuiba”, kina shina la Kiebrania lenye maana ya mwizi, lakini huishia na kiambishi cha Kijerumani na kunyambuliwa kama vitenzi vingine vya Kijerumani. Pamoja na hayo, Kiyidi kilikopa hata kiambishi cha wingi: poyer, “mkulima”, neno la Kijerumani, huwa poyerim kwa kiambishi cha Kiebrania. Ukopaji ulipenya hadi ndani ya sarufi bila kubadili nasaba.

Waliokidharau, wakiwamo Wayahudi wenyewe, walikiita jargoni. Mkutano wa Czernowitz wa mwaka 1908 ulijibu kwa kukitangaza kuwa lugha ya taifa ya Wayahudi.

3.0 Kiswahili kati ya Kigogo na Kiarabu

Kiswahili nacho kiliandikwa kwa karne kadhaa kwa hati ya Kiarabu. Utendi wa Tambuka, unaoitwa pia Chuo cha Herekali, ni wa mwaka 1728. Hati hiyo haikuwa na herufi za p, ch, g na v, na ina alama tatu tu za irabu fupi kwa lugha yenye irabu tano. Waandishi wa Kiyidi walikabiliwa na tatizo la aina hiyo hiyo, wakazigeuza baadhi ya konsonanti za Kiebrania kuwa irabu. Katika lugha zote mbili hati ilitoka kwa mkopeshaji, na ndiyo inayomdanganya mtazamaji wa haraka.

Jina Chuo cha Herekali linastahili kutazamwa zaidi. Chuo ni neno la Kibantu lililokuwa na maana ya kitabu. Kitabu, la Kiarabu, lilipoingia lilichukua nafasi hiyo, na chuo likahamia mahali pa kusomea, hata leo tunasema chuo kikuu. Kiyidi kiligawana maneno kwa namna nyingine: sefer la Kiebrania ni kitabu kitakatifu, bukh la Kijerumani ni kitabu cha kawaida. Lakini jambo kubwa zaidi ni lililolipata neno kitabu lenyewe. Silabi ki-, ambayo katika Kiarabu ni sehemu ya shina, ilichukuliwa kuwa kiambishi cha ngeli, na wingi ukawa vitabu. Mu- ya muallim vilevile iligeuzwa kuwa kiambishi cha mtu, tukapata mwalimu na walimu. Hapa Kiswahili ni kinyume cha Kiyidi, kwani kwa kawaida hakikukopa wingi wa mkopeshaji bali kilivunja shina lake ili liingie katika ngeli. (Maulamaa ni tofauti ya kuchekesha: ulamaa tayari ni wingi katika Kiarabu, nasi tukaongeza wa kwetu.)

Ngeli hizo ndizo anazokutana nazo mtafiti anapogeukia Kigogo. Mgogo husema munhu na wanhu pale Mswahili anaposema mtu na watu; lugha yake huiita Cigogo, kwa kiambishi kile kile cha Kiswahili. Nazali iliyodondoka katika mtu inasikika bado katika munhu, ingawa konsonanti iliyoifuata imebadilika. Kwa maneno mengine, Kigogo kimehifadhi ushahidi ambao Kiswahili kimeupoteza, na hakuna kamusi ya Kiarabu itakayoutoa. Kiarabu kina jinsi mbili za kisarufi na hakina ngeli za namna hii.

Vitenzi vinatoa ushahidi wa aina nyingine. Jibu, samehe na safiri ni vya Kiarabu, lakini hubeba viambishi vya Kibantu bila taabu: nimemsamehe, tutasafirishwa. Alama ya ugeni inabaki mwishoni tu. Katika ukanushi, soma hutoa sisomi, ila jibu hubaki sijibu.

Hata katika namba, mikopo haikufuta kila kitu. Sita, saba na tisa ziliziondoa tandatu, fungate na kenda katika matumizi ya kila siku. Kenda ingali katika jina la Wamijikenda, watu wa miji tisa, na fungate imesalia kwa maarusi, ambao siku zao saba za mapumziko baada ya ndoa huitwa hivyo hadi leo.

4.0 Mipaka ya ulinganisho

Ulinganisho huu usivutwe kupita kiasi. Anayejua Kijerumani anaweza kufuata mengi katika mazungumzo ya Kiyidi. Mswahili aliyefika Dodoma leo haelewi mazungumzo ya Kigogo. Jamaa wa karibu wa Kiswahili ni lugha za Kisabaki, zikiwamo Kimijikenda, Kipokomo na Kikomoro, kama walivyoonesha Derek Nurse na Thomas Hinnebusch mwaka 1993. Kigogo ni jamaa wa mbali zaidi. Aidha, Kiebrania kilikuwa lugha ya maandiko na ya mababu kwa wazungumzaji wa Kiyidi tangu mwanzo, ilhali sehemu kubwa ya mikopo ya Kiarabu inaonekana kuingia katika Kiswahili baadaye, Waomani walipojiimarisha pwani baada ya kuitwaa Ngome ya Yesu mwaka 1698. Sarufi ya Kibantu ilikuwa imekwisha kusimama.

Lugha inayostahili kuitwa mchanganyiko ipo Tanzania, nayo si Kiswahili. Ni Kimaa cha Wambugu wa Usambara, ambacho sarufi yake ni ya Kibantu na sehemu kubwa ya msamiati wake, hata ule wa msingi, ina asili ya Kikushi na nyinginezo. Maarten Mous alikichambua kwa kina mwaka 2003. Msamiati wa msingi wa Kiswahili, kama vile mkono, jicho, maji, kula na kufa, ni wa Kibantu.

Kiarabu na Kiebrania kwa kuwa ni ndugu, Kiswahili na Kiyidi hukutana mahali pasipotarajiwa. Malaika wa mauti katika Kiyidi ni malekhamoves, na maneno yote mawili ya Kiswahili, malaika na mauti, yana ndugu zao humo. Upande wa pili, Schule la Kijerumani lilikuwa shul katika Kiyidi, mahali pa ibada na masomo, na wakati wa utawala wa Wajerumani likaingia Tanganyika likawa shule. Mtoto wa Nzuguni anayesema anakwenda shule hutumia neno la Kijerumani, na ku- iliyo mwanzoni mwa kitenzi chake kwenda ni ya Kibantu, jamaa na viambishi vya Kigogo anachozungumza bibi yake.