Acha Kungoja Matanga: Fom ya Siku 4 Migori na Homa Bay Wakati Nairobi Imeganda

Julai ikifika Nairobi, stori ni ile ile. Jua linapotea, kila mtu amejifunga blanketi kwa keja, na TikTok inaanza kukuonyesha wasee wakitembea kwa theluji huko Japani. Unaona kijiji cha Shirakawa-go, nyumba za mapaa ya nyasi yaliyochongoka kama viganja vya mtu anayeomba, taa za njano madirishani, theluji kila mahali. Unatag mbogi yako: "Siku moja tutaenda."

Poa, ndoto ni bure. Lakini cheki hii. Shirakawa-go iko kwa orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO tangu 1995. Kwa orodha hiyo hiyo, tangu 2018, kuna mahali panaitwa Thimlich Ohinga, Kaunti ya Migori. Kufika huko hutaki viza. Unataka nauli ya mathree, viatu vya maana na siku 4.

Sasa tuambiane ukweli. Wengi wetu tunajua Migori na Homa Bay kwa sababu moja tu: matanga. Unapanda basi usiku, unafika asubuhi macho mekundu, mnazika, mnadishi, jioni mko barabarani tena mkirudi Nairobi. Hata wale wenye ocha yao ni huko, ukiwauliza Thimlich iko upande gani watakuonyesha Google Maps. Tunatembelea wazee wakiwa wameshalala, na zile stori walikuwa nazo wanazikwa nazo. Hii safari ni ya kwenda mapema, kabla mtu hajakufa.

Mbona Julai?

Mvua ndefu ya Machi hadi Mei huwa imepungua, kwa hivyo barabara za murram zinapitika vizuri zaidi. Na kule ziwani ni chini kuliko Nairobi. Uso wa Ziwa Victoria uko karibu mita 1,134 juu ya usawa wa bahari, Nairobi iko karibu mita 1,700 na zaidi. Ndio maana wewe ukitetemeka Umoja, mtu wa Mbita ametoa shati. Beba jaketi moja tu, ya asubuhi na ya kwa boti. Hiyo mablanketi acha keja.

Siri ya mpango: ingia mlango mmoja, tokea mwingine

Kosa la wengi ni kufika Homa Bay, kukaa hapo, kisha kurudi na njia ile ile. Fanya mzunguko. Ingia kupitia Narok, Bomet, Kisii hadi mji wa Migori. Kisha panda kuelekea ziwani, Homa Bay hadi Mbita. Mwisho, tokea Kendu Bay, Katito, Ahero, halafu Kericho na Nakuru. Kwa sehemu kubwa hutapita barabara moja mara mbili, ukitoa vipande kama kile cha Homa Bay na Mbita.

Sheria ya pili: jambo moja kubwa kwa siku. Ukitaka kuona kila kitu kwa siku 4, utaona madirisha ya matatu tu.

Siku ya 1 (Ijumaa): Nairobi hadi Migori

Ondoka alfajiri. Usipange kitu kingine siku hii, kwa sababu ni safari ya mchana mzima. Ukishapita Kisii utaona milima inaanza kulala, halafu Rongo na Awendo mashamba ya miwa yanakupokea pande zote. Lala mji wa Migori. Ni mji wa biashara, uko kwa barabara kuu ya kwenda Isebania na Tanzania, kwa hivyo chakula na vyumba vya bei ya kawaida haviko mbali na stendi. Uliza bei kabla ya kuweka begi chini.

Siku ya 2 (Jumamosi): Thimlich Ohinga

Hii ndiyo siku kubwa. Thimlich iko kama kilomita 46 kaskazini magharibi mwa mji wa Migori. Mathree inakutoa mjini, boda inamalizia kwa murram. Elewana na mtu wa boda bei ya kwenda na kurudi, na akungoje, kwa sababu huko hakuna stendi ya kukuokoa jioni. Kama mko mbogi ya watu 4 au 5, kodini Probox moja mgawane. Itawafaa pia kwa sababu mkimaliza hamrudi Migori. Mnapitia Ndhiwa na Rodi Kopany hadi Homa Bay.

Ukifika unaona kuta za mawe. Mtu asiyejua atasema, "Ni hii tu?" Ngoja kwanza.

Ohinga kwa Dholuo ni boma lenye ukuta, na wingi wake ni ohingni. Thimlich inatokana na thim, msitu, na lich, kitu cha kutisha. Yaani boma la msitu wa kutisha. Wataalamu wanakadiria zilijengwa karne ya 16. Kuta zina urefu wa kati ya mita 1.5 na 4.5, na unene wa karibu mita 1. Sasa sikia hii: hakuna simiti. Hakuna hata udongo wa kushikilia. Ni jiwe juu ya jiwe, yamechaguliwa na kupangwa mpaka yakashikana yenyewe. Keja yako ya Rongai ina miaka 6 na tayari ina nyufa. Hizi zina zaidi ya miaka 400.

Ziko ohingni nne kubwa pale: Kochieng, Kakuku, Koketch na Koluoch. Anza na Kochieng, ndiyo kubwa. Cheki mlango: ni mfupi, lazima uiname kuingia. Haikuwa bahati mbaya. Adui akija mbio na mkuki, anaingia kichwa kwanza, na mlinzi anamngoja ndani. Watu na ng'ombe wote walilala ndani ya ukuta. Uliza pia uonyeshwe mahali walipofulia chuma, na mashimo ya kucheza ajua, ule mchezo wa bao, yaliyochimbwa kwa mwamba. Watu walikuwa wanajibamba kitambo.

Lakini hapa ndipo Shirakawa-go inarudi. Zile nyumba za Japani hazijadumu kwa sababu nyasi ni ngumu. Zimedumu kwa sababu paa likichakaa, kijiji kizima kinatoka kusaidiana kuliezeka upya. Thimlich pia, watu wa makundi tofauti walihamia mmoja baada ya mwingine, na kila waliokuja walirekebisha kuta walizozikuta. Watu wa mwisho walihama katikati ya karne ya 20, na pale ndipo shida ilipoanza, kwa sababu ukuta usio na simiti unataka mtu wa kurudisha jiwe likianguka. Serikali iliitangaza kuwa eneo la kumbukumbu ya taifa 1981, na leo Makavazi ya Kitaifa ya Kenya ndiyo inaitunza.

Kwa hivyo kiingilio chako ndicho mchango wako wa jiwe. Lipa bila kunung'unika, chukua mwongozaji wa hapo hapo, na tafadhali usipande juu ya ukuta kwa sababu ya selfi. Jiwe moja likitoka, majirani zake wote wanalegea.

Jioni, Homa Bay. Tafuta kibanda kando ya ziwa, agiza ngege au mbuta na kuon, yaani ugali ya maana. Kama umezoea omena ya kukaangwa Nairobi, onja ile iliyovuliwa jana. Utarudi ukilalamika.

Siku ya 3 (Jumapili): Mbita na Rusinga

Kila siku unapanda mathree Tom Mboya Street. Umepiga picha na ile sanamu yake ya Moi Avenue iliyozinduliwa 2011. Lakini kaburi lake umeliona?

Kutoka Homa Bay, lami inakufikisha Mbita. Ukivuka daraja uko Kisiwa cha Rusinga, hata boti hutaki. Mboya aliuawa kwa risasi Nairobi tarehe 5 Julai 1969, akiwa na miaka 38, na akazikwa hapa kwao. Jengo la kaburi lake limepewa umbo la risasi. Ukisimama hapo Julai, mwezi ule ule aliouawa, inakupiga tofauti. Huyu ni msee aliyekuwa waziri kabla ya kufika 35, na aliyesaidia kupanga ndege ya wanafunzi waliopelekwa Marekani kusoma 1959. Wewe uko miaka mingapi? Sisemi kwa ubaya. Najiuliza pia.

Rusinga ina kitu kingine cha zamani zaidi. Mwaka wa 1948, Mary Leakey alipata hapa fuvu la Proconsul, nyani wa kale aliyeishi karibu miaka milioni 18 iliyopita. Kwa hivyo mtu akikuambia huko hakuna historia, mwambie ahesabu tena.

Ukibaki na nguvu na siku moja ya ziada, una chaguo mbili. Chagua moja:

Ya kwanza ni Kisiwa cha Mfangano, kwa boti kutoka Mbita. Kuna michoro ya miamba, miviringo ya rangi nyekundu na nyeupe pale Mawanga na Kwitone, inayosemekana ni kazi ya Watwa, wawindaji walioishi hapo kabla ya wengine. Kuna pia Makumbusho ya Amani ya Abasuba. Wasuba wengi leo wanaongea Dholuo, na lugha yao yenyewe inaisha. Ukimpata mzee anayeijua, kaa chini umsikize. Huyo ndiye kivutio.

Ya pili ni Mbuga ya Ruma, Bonde la Lambwe, kilomita 120 za mraba. Ndiyo makao ya mwisho ya korongo nchini Kenya. Sio ndege na sio bonde, ni yule swala mkubwa mwenye uso kama amejipaka rangi nyeusi na nyeupe. Onyo la luku: usivae bluu wala nyeusi. Bonde hilo lina mbung'o, na hizo ndizo rangi zinazowavuta.

Siku ya 4 (Jumatatu): Kendu Bay na kurudi

Ukitoka mapema, simama Kendu Bay. Mji wenyewe ni wa kizamani, una maduka ya enzi za Wahindi na bandari iliyokuwa na shughuli wakati meli zilikuwa ndiyo barabara ya ziwa. Karibu nao kuna Simbi Nyaima, ziwa dogo la duara la maji ya magadi, mahali flamingo huja kutafuta chakula.

Jina lake ni kijiji kilichozama. Stori ya wazee ni kwamba bibi mmoja mzee alifika usiku wa baridi na mvua, watu wakiwa kwa sherehe. Aliomba mahali pa kuota moto, wakamfukuza. Ni mwanamke mmoja tu aliyemkaribisha. Bibi akamwambia atoke na familia yake, kisha maji yakameza kijiji kizima, ngoma na pombe na wote waliokuwa ndani.

Mwanajiolojia atakuambia ni shimo la volkeno. Sawa. Lakini fikiria wale waliokuwa na sherehe kubwa na hawakuwa na nafasi ya mgeni mmoja mzee. Hiyo stori inatuhusu sisi tunaopitia mlango wa shosho siku ya matanga peke yake.

Vitu vya kujipanga

Doo: sehemu kubwa itaenda kwa nauli, sio vyumba. Mkiwa wengi inashuka haraka. Kiingilio cha Ruma kinalipwa kwa eCitizen, kwa hivyo cheki bei za sasa kabla ya kutoka na uwe na chaji.

Boti: safiri asubuhi, ziwa likiwa limetulia. Mchana upepo huamka na mawimbi pia. Hakuna jaketi la kuelea, usipande. Usione haya kushuka.

Afya: huku kuna malaria, kwa hivyo lala ndani ya neti na ubebe dawa ya kujipaka. Usiingie majini ufukweni kwa sababu ya picha, kuna kichocho, na viboko hawaombi ruhusa.

Heshima: salimia kwanza. Asubuhi sema "oyawore", jioni "oimore", ukisaidiwa sema "erokamano". Kabla ya kupiga mtu picha, uliza. Mzee ni "jaduong'", mama mzee ni "dani".

Na kama una jaduong' au dani wako huko, mpango wote unabadilika kidogo: toa usiku mmoja wa hoteli, lala kwake. Beba sukari, majani chai na mkate. Muulize nani alijenga, nani alihama, jina lako lilitoka wapi. Rekodi kwa simu. Japani itangoja, theluji huanguka kila mwaka. Yeye hana hiyo ahadi.