Kyungu, Chungu, Kiungu: mtu mmoja, karatasi tatu

Wakati baba yangu alikufa, mama alienda mu biro ya kampuni moja kuuliza décompte final na haki yake ya mjane. Alibeba karatasi zote mu mfuko wa plastiki. Karani akazipanga juu ya meza, akaziangalia muda mrefu, kisha akauliza: « Mama, hapa kuko bantu batatu. Bwana yako ni nani? »

Livret ya kazi ilisema Chungu Joseph. Karte ya wakati wa Zaïre ilisema Kyungu, Joseph hakuna tena. Karte ya uchaguzi ilisema Kiungu Joseph. Mama akajibu: « Bote batatu ni moya. Njo baba ya batoto yangu. » Karani akafunga dossier, akamwambia arudi na karatasi ya tribunal.

Wasomaji wengi wa kazi za mgodi watajitambua hapa. Kwa hiyo tuulize: jina la mtu linatoka wapi, na linapotelea wapi?

Baba alizaliwa mapasa katika kijiji cha Baluba wa Katanga. Kwetu mapasa hawachaguliwi majina, wanazaliwa nayo. Wa kwanza ni Kyungu, wa pili ni Kabange. Ukisikia mzee anaitwa Kabange, unaweza kumuuliza habari ya Kyungu yake. Baluba wa Kasai nao wanasema Mbuyi na Kabanga. Kwa Babemba, Mpundu ni jina la mapasa, na mtoto anayefuata nyuma ya mapasa anaitwa Chola. Yaani Chola ni mtoto mmoja, lakini jina lake linahesabu watoto watatu.

Lakini si kila Kyungu alizaliwa mapasa. Pengine alipewa jina la nkambo wake, ili jina lisipotee mu ukoo. Mtu na mwenzake wa jina moja wana undugu wao: Kinshasa wanaitana ndoyi, Kasai wanasema shakena. Mtoto anayebeba jina la babu yake, hata mama yake anamwita « baba », na kumpiga fimbo inakuwa kazi ngumu.

Majina mengine yanaeleza namna mtoto alivyokuja. Mu Kasai, Mujinga ni mtoto aliyezaliwa kamba ya kitovu ikiwa imemzunguka. Wanande wa Kivu ya Kaskazini wao wanahesabu: Kambale ni mtoto mwanaume wa pili, Kasereka wa tatu, Kakule wa nne, Katembo wa tano, Mbusa wa sita. Kwa hiyo fasi Wanande wanafanya kazi wengi, chef d'équipe akiita « Kambale! » asishangae watu wanne wakiitika. Kila mmoja ni wa pili kwa mama yake.

Kiswahili nacho kimetupatia majina ya furaha na ya machozi. Riziki, Bahati, Neema, Faida, Amani: maneno haya yalitoka Uarabuni, yakapita pwani, yakafuata njia za biashara mpaka kwetu. Zawadi kwa Kiarabu cha zamani ilikuwa chakula cha safari, kile unachofungia msafiri asilale na njaa njiani. Mama anayemwita binti yake Zawadi, bila kujua, anasema mtoto huyu ni posho ya njia.

Na majina ya ubatizo? Mchimbaji anayeitwa Pierre, ajue kwamba kwa Kigiriki jina lake ni jiwe. Petro, Peter, Pedro, Pierre: ni jiwe moja, kila lugha imelichonga kwa namna yake. Georges naye ni mkulima. Hata majina ya ukoo ya Wazungu tuliofanya nao kazi yana maana. Lefebvre kwa Kifaransa, De Smet kwa Kiflama, Schmidt kwa Kijerumani, Smith kwa Kiingereza, Ferrari kwa Kiitalia, Kowalski kwa Kipolandi: wote hao nkambo wao alikuwa mfua chuma. Ukikusanya wote mu atelier moja, utafikiri ni makabila sita, kumbe ni kazi moja.

Tofauti iko hapa. Kwa Mzungu, jina la mfua chuma lilishuka kwa watoto wote, hata kama mjukuu ni daktari. Kwetu, kila mtoto anakuja na jina lake. Ndugu watano wa tumbo moja wanaweza kuwa na majina matano. Njo maana kwenye guichet tunaulizwa kila siku: « Sasa huyu mtoto, mbona habebi jina ya baba yake? » Hakuna uongo hapo. Ni desturi mbili zinakutana mbele ya formulaire moja.

Sasa turudi kwa baba. Kyungu aligeukaje Chungu? Katika Kiluba cha Katanga tunasema Ki-. Mluba wa Kasai anasema Tshi-. Mubemba anasema Chi-. Ni kipande kimoja cha neno, midomo ndiyo mitatu. Migodi ilikusanya watu wa Kasai, wa Rhodesia ya Kaskazini, wa Rwanda na wa vijiji vya hapa, ikawaweka mu camp moja. Karani aliandika vile sikio lake lilisikia. Baba alikuwa kijana, alitaka kazi. Aliweka kidole kwenye wino, akaenda.

Joseph aliondoka kwa sababu ya siasa. Mnamo Oktoba 1971 nchi iliitwa Zaïre, na Katanga yetu ikawa Shaba. Januari 1972 Joseph-Désiré Mobutu mwenyewe akajiita Mobutu Sese Seko Kuku Ngbendu wa Za Banga, na raia wote wakaamriwa kuacha majina ya ubatizo na kuchukua majina ya asili. Kardinali Malula alipinga, akalazimika kukaa Roma kwa muda. Mu camp, majina ya zamani yalibaki ndani ya nyumba tu. Mama aliendelea kumwita baba Joseph usiku, mchana alikuwa citoyen Kyungu. Baada ya Aprili 1990, siasa ilipolegea, majina ya ubatizo yakarudi kwenye karatasi. Joseph akarudi pia.

Na Kiungu? Hapo hakuna desturi wala siasa. Ni kijana mbele ya mashine, mstari mrefu nyuma, jua kali. Baba alisema jina, kijana akaandika, hakuna aliyesoma.

Herufi moja ni kitu kidogo mpaka siku ya kifo. Code de la famille ya mwaka 1987 inasema jina lililotangazwa kwenye état civil halibadilishwi ovyo, hata orthographe yake, hata mpangilio wa vipande vyake. Kubadilisha kunaombwa mu tribunal de paix, kwa sababu ya haki. Ilunga asiandike leo Ilunga Pierre, kesho Pierre Lunga. Mwamba asiwe Muamba kwa sababu karani ni wa Kasai. Ngoy, Ngoie na Ngoyi, mu kinywa ni mtu mmoja, lakini mu dossier ni watu watatu.

Tulienda tribunal. Tulipeleka karatasi zote tatu, na mzee mmoja kutoka kijijini, akitembea na fimbo. Juge akasoma majina, akauliza kama kuna mtu anayeweza kuthibitisha kwamba Chungu, Kyungu na Kiungu ni mtu mmoja. Mzee akasimama.

« Miye naitwa Kabange, » akasema. « Kabange ya kwanza haiko. Mbele yangu alitoka Kyungu, siku moja, tumbo moja. Nikipotea, batauliza Kyungu. Yeye amekufa, njo miye nakuya kumusemea. »

Karte yake ya kitambulisho ilikuwa na kijiji kile kile na mwaka ule ule wa kuzaliwa. Greffier aliandika. Jugement ilitoka baada ya miezi, na mama akarudi mu biro akiwa na karatasi ya nne, ile inayoeleza zingine tatu. Alilipwa. Si yote aliyotegemea, lakini alilipwa kwa jina la bwana yake.

Mwaka uliofuata dada yangu akazaa mtoto mwanaume, akampa jina la nkambo wake. Sheria inatoa siku 90 za kutangaza mtoto kwenye état civil. Tulienda mu juma la pili. Nyumbani nilikuwa nimeandika jina kwa herufi kubwa juu ya kipande cha karatasi, nikampa préposé. Alipomaliza kuandika, nikamwomba anisomee herufi moja moja mbele dada hajatia sahihi. Alikasirika kidogo, mstari ulikuwa mrefu.

« K, » akasoma. « Y. U. N. G. U. »

Dada akatia sahihi.