Una digrii? Usidhani kila kazi ni yako!

HIVI mwenye digrii akiomba kazi iliyotangazwa kwa ajili ya wenye diploma, Serikali ina haki ya kumtosa? Vijiweni ubishi huu hauishi. Vijana wenzangu wengi wanasema aliye ghorofani si kapanda ngazi, yaani diploma imo ndani ya digrii, basi jamaa apewe kazi yake!

Mimi naomba kutofautiana nao kidogo. Ushahidi wangu nautoa India, maana kule watu wameburuzana kortini kwa jambo hili mpaka Mahakama ya Juu, ambako hakuna tena pa kukatia rufaa.

Tuanze na kesi inayowafurahisha wasomi. Tume ya Utumishi ya jimbo la Kerala ilitangaza kazi za uhandisi msaidizi katika shirika la umeme la jimbo hilo. Sifa iliyotajwa ni diploma. Wakajitokeza wenye digrii ya uhandisi wa umeme, tume ikawakataa. Wakashindwa Mahakama Kuu, lakini Mahakama ya Juu ikawapa ushindi.

Shangwe, siyo? Subiri kwanza. Hawakushinda kwa sababu digrii ni kubwa. Walishinda kwa sababu kanuni za utumishi za Kerala zilikuwa na kifungu kinachotambua sifa ya juu inayobeba ndani yake ile ya chini. Kifungu ndicho kilichowaokoa.

Sasa nenda Jammu na Kashmir. Huko zilitangazwa kazi za mafundi wa umeme wa daraja la tatu. Walitakiwa waliomaliza sekondari wakapata na cheti cha chuo cha ufundi, tuseme vyuo kama hivi vyetu vya VETA. Wenye diploma nao wakajaza fomu wakijua wamemaliza mchezo. Bodi ya ajira ikagoma, ikasema diploma siyo cheti hicho. Tarehe 5 Desemba 2018 Mahakama ya Juu ikakubaliana na bodi. Wenye diploma walipoitaja ile kesi ya Kerala, wakaambiwa kifungu cha kule huku hakipo.

Jaji D.Y. Chandrachud alieleza kwamba kusema sifa ipi inalingana na ipi ni kazi ya Serikali kama mwajiri, siyo ya majaji. Mwajiri ndiye anayejua kazi yenyewe ikoje na ujuzi gani unatakiwa. Ukilifikiria hilo, kuna mantiki. Wa diploma kajaza daftari, wa ufundi kashinda na koleo mkononi. Na kama wenye elimu kubwa wataruhusiwa kushuka na kuzoa kazi za chini, huyu wa cheti aende wapi? Naye ana mama anayemsubiri nyumbani.

Kali kuliko zote ni ya mwaka 2020. Benki ya umma ya Punjab National Bank ilitafuta matarishi, ikaandika waziwazi kwamba mwenye digrii asiombe. Kijana mmoja mwenye BA akaificha digrii yake, akaomba kwa cheti cha sekondari, akapita. Benki ilipogundua ikamtema. Mahakama Kuu ya Orissa ilimwonea huruma, lakini Novemba 2020 Mahakama ya Juu ikampiga chini. Ilisema alificha ukweli, na kama hakulipenda sharti lile angelipinga mapema, siyo kuomba kwanza halafu kulalamika baadaye.

Jamani, mtu anaificha digrii ili awe tarishi! Hapo usicheke, ujue njaa ya ajira imefika wapi.

Lakini waajiri nao nina neno nao. Ukiandika kwenye tangazo "au sifa zinazolingana" ukaishia hapo, unawatega watu. Sema zinalingana na nini, na nani anaamua. Kijana anatumia nauli, anatoa kopi, anakesha akijisomea usaili, halafu anaambiwa mwishoni karatasi yake siyo yenyewe. Huo ni uonevu.

Nasi Bongo tusijifanye hayatuhusu. Matangazo ya Sekretarieti ya Ajira huwataka waliosoma nje wawe wamehakikiwa vyeti vyao: vya sekondari NECTA, vya vyuo TCU na NACTVET. "Result slip" za kidato cha nne na cha sita hazipokelewi. Kwa hiyo, mshikaji, shughulikia ulinganifu wa cheti chako leo, usingoje tangazo litoke. Likitoka lisome mstari kwa mstari, na sharti usiloliafiki lihoji kabla hujajaza fomu. Korti haitakusomea tangazo ulilolirukaruka mwenyewe.

Haya, tukutane wiki ijayo!