Je, Wajua? Imana Aliwekewa Maji Usiku

Zamani nchini Rwanda, mke kijana hakulala kabla ya kuacha maji kidogo ndani ya nyumba. Yalikuwa ya Imana, Mungu wa Wanyarwanda. Iliaminika kwamba huja usiku kumfinyanga mtoto tumboni, na udongo mkavu haufinyangiki! Ndiyo maana anaitwa pia Rurema, Muumba, kutokana na kitenzi cha Kinyarwanda kurema, kuumba.

Mapadri Weupe, wamisionari Wakatoliki, walifungua misheni ya Mibirizi, huku Cyangugu, mwaka 1903. Jina Imana hawakulitaka. Walifundisha dini kwa neno la Kiswahili, Mungu, na ilipita miongo kadhaa kabla ya Imana kuingia kanisani. Majumbani hakuwa ameondoka.

Neno hilohilo imana lina maana ya bahati pia: aliyenusurika ajali husemwa ana imana. Hata kifaranga cha kupigia ramli, kikitoa majibu mema, kiliitwa imana.

Vuka mto Rusizi hadi Bukavu, Kongo, na Washi, watu wa huko, watakutajia Mungu wao, Nyamuzinda.

Ukirudi Rwanda, ukasalimiana na Habimana sokoni Kamembe, jina lake ni “Mungu yupo”. Hakizimana? “Mungu ndiye aponyaye.”