Daftari la Vibonzo Lililofichwa Sandukuni



Baada ya kumhimidi Mola wetu na kumsalia Mtume wetu (s.a.w.), wiki hii napenda kuwahadithia mama zangu na dada zangu kisa cha daftari moja. Kwa miaka mingi sikukisimulia, kwa kuwa mwenye makosa ndani yake ni mimi mwenyewe.

Marehemu baba yangu, Mwenyezi Mungu amrehemu, alikuwa mfanyakazi wa reli hapa Changamwe. Kila jioni alirudi na gazeti la Taifa Leo kwapani. Baada ya sala ya isha alilifungua, na kabla ya kugusa habari za siasa alimtafuta Juha Kalulu. Alicheka peke yake kwanza, kisha akamwita mama akamsomea, wakacheka wote wawili. Asubuhi gazeti lilikwenda jikoni, maana mama alikuwa akiuza mahamri barazani, na karatasi ya kufungia ilikuwa hiyo hiyo. Lakini halikwenda zima. Baba alikuwa amekwisha kukikata kile kipande cha Juha kwa wembe na kukibandika, kwa uji mzito wa unga wa ngano, ndani ya daftari kubwa la hesabu. Miaka ikapita, yakatimia madaftari manne.

Nilipofika umri wa miaka 19 nilitoka chuoni na elimu ambayo ilikuwa imechemka lakini haijaiva. Nikamwambia baba kwamba picha za viumbe hazifai kuwekwa nyumbani, na kwamba kichekesho ni upuuzi usiomstahiki mzee wa makamo yake. Baba alinitazama, akaniuliza swali moja tu: "Na kitambulisho changu, mwanangu, nacho nikichome?" Sikuwa na jibu, lakini sikunyamaza. Niliendelea kusema mpaka akachoka, akaninyooshea mkono kabatini. Nikayatoa madaftari matatu, nikayapeleka jaani, nikayatia moto. La nne sikuliona.

Juha ni nani?

Wasomaji wadogo huenda wasimjue. Juha Kalulu ni mhusika wa vibonzo aliyechorwa na marehemu Edward Gitau, na kwa miongo kadhaa Wakenya walimkuta katika kurasa za Taifa Leo. Ni mtu wa kawaida asiye na cheo wala mali, mwenye haraka ya kujiona mjanja, na kila ujanja wake humrudia mwenyewe.

Jina lake halikuanguka kutoka mbinguni. Waarabu wana Juha wao, ambaye visa vyake vimezunguka nchi za Kiislamu kwa karne nyingi. Waturuki wanamsimulia Nasreddin Hoca. Nasi wa pwani tumelelewa na Abunuwasi, ambaye jina lake limetokana na mshairi aliyeishi Baghdad zama za Khalifa Harun al-Rashid, ingawa visa tunavyovisimulia vingi havina uhusiano na mshairi yule. Bibi zetu walivisimulia usiku, watoto wakicheka, na ndani ya kicheko wakijifunza tamaa ni nini, uongo ni nini, na hakimu mla rushwa ni mtu wa namna gani. Gazeti lilipokuja, hadithi ile ya ukumbini ilihamia karatasini.

Majirani zetu wa Tanzania nao walikuwa na wao. Katika gazeti la Uhuru, Christian Gregory alimchora Chakubanga, naye akapendwa hata wako watu wazima waliokiita kila kibonzo "chakubanga". Jarida la Sani la Dar es Salaam liliwapa wasomaji Madenge, mtoto mtundu, pamoja na Ndumilakuwili, ambaye jina lake peke yake ni mawaidha. Mmoja wa wachoraji wake mashuhuri, Philip Ndunguru, alifariki mwaka 1986. Nairobi palikuwa na jarida la Joe, lililoanzishwa mwaka 1973 na Hilary Ng'weno na Terry Hirst, ambalo lilikoma mwaka 1979.

Karatasi hizi zilisomwa na maelfu, lakini ni nani kati yetu anayeweza leo kutoa hata moja kabatini? Zilifungiwa mahamri, njugu na viazi karai. Nyingine, kama mjuavyo, zilichomwa na vijana waliojiona wamesoma.

Kicheko na dhihaka

Mtauliza: je, sheikh, hivi leo unahalalisha mzaha? Jibu linahitaji utaratibu.

Kuhusu picha za viumbe zinazochorwa kwa mkono, wanazuoni wamehitilafiana, na sitatoa hukumu mpya katika ukurasa huu. Mwenye kuchukua tahadhari ana hoja zake, naye asitundike ukutani. Kosa langu halikuwa kushika kauli iliyo nzito. Kosa langu lilikuwa kuchoma mali ya baba yangu, na kumpa mzee elimu bila ya adabu.

Kuhusu kicheko, mpaka wake uko wazi. Sura ya al-Hujurat, aya ya 11, inatukataza kudharauliana, wanaume kwa wanaume na wanawake kwa wanawake, na kuitana majina mabaya. Sasa mtazameni Juha. Yeye si mtoto wa mtu. Hana jirani atakayeona haya wala mama atakayelia. Msomaji anapomcheka Juha aliyekopa pesa ili ajionyeshe harusini, anajicheka mwenyewe, kisha anaufunga mkoba wake. Hiyo ni nasaha iliyovikwa tabasamu.

Linganisheni na mambo ya simu zetu. Binti wa watu amepigwa picha harusini akiwa amefumba macho au amejaza chakula mdomoni. Kabla ya magharibi picha ile imegeuzwa kichekesho, imeandikwa maneno, imezunguka makundi ya mtaa mzima, na anayeisambaza ni mama mwenye buibui na tasbihi mkononi. Huyu binti ana jina na ana wazazi, na kesho atapita njia hiyo hiyo kwenda dukani. Juha hucheka na wewe. Picha ile humcheka mtu, na inaingia katika katazo la aya tuliyoitaja.

Uko pia mlango wa tatu, nao ni kalamu inayomkabili mwenye nguvu kwa niaba ya mnyonge. Naji al-Ali, Mpalestina aliyekulia katika kambi ya wakimbizi huko Lebanon, mwaka 1969 alimbuni Handala, mtoto wa miaka kumi, miguu mitupu, nguo zina viraka. Baadaye alimgeuza akawapa mgongo watazamaji, na hivyo ndivyo ulimwengu unavyomjua. Naji hakumwacha akue, kwa sababu yeye mwenyewe alikuwa na umri huo alipoondolewa kwao. Alipigwa risasi jijini London mwezi wa Julai 1987, akafariki mwezi uliofuata. Handala angali anachorwa kutani hadi leo. Mchoraji huyu hakumcheka maskini hata mara moja, na hapo ndipo panapopimwa kalamu.

Thamani ya kilichohifadhiwa

Huko Marekani wapo watu wanaokusanya kadi ndogo za wachezaji wa besiboli, ambazo zamani zilitiwa ndani ya pakiti za sigara. Kadi moja ya mchezaji Honus Wagner, iliyochapishwa kati ya mwaka 1909 na 1911, iliuzwa mwaka 2022 kwa zaidi ya dola milioni saba. Imekuwa ghali kwa sababu zilizopo ni chache mno: uchapishaji wake ulisimamishwa mapema. Wapo wasemao kwamba Wagner alikataa sura yake isitumiwe kuwavuta watoto kwenye tumbaku. Wengine husema ni suala la malipo. Vyovyote iwavyo, karatasi iliyokuwa ya kutupwa imekuwa hazina kwa kuwa kulikuwa na mtu asiyeitupa.

Sisi hatungojei mamilioni. Nitawaambia nilichokipata mimi.

Baba alipofariki, na mama alipomaliza eda yake, aliniita chumbani. Akafungua sanduku lake, akainua leso moja baada ya nyingine, na chini kabisa akatoa daftari la nne. "Hili hukuliona, mwanangu," akaniambia. Hakuongeza neno.

Nililifungua nikitazamia vibonzo tu. Nikakuta kwamba pembeni mwa kila kipande baba alikuwa akiandika kwa penseli: bei ya sukari mwezi ule, idadi ya mabati tuliyoezekea, siku dada yangu alipoanza kwenda chuoni. Na chini ya kibonzo kimoja palikuwa na maneno mawili: "Leo amecheka." Nikamwuliza mama maana yake. Akaniambia kwamba siku chache kabla yake walikuwa wamezika kitoto kichanga, ndugu yangu nisiyemjua, naye hakuwa amefumbua kinywa mpaka jioni ile baba alipomsomea Juha. Nami nilikuwa nimechoma madaftari matatu ya namna hiyo.

Basi, mama zangu, kabla ya kutupa, fungueni. Mkipata magazeti ya wazee, yatoeni sakafuni, maana mchwa wa bara letu hili la Changamwe hawana huruma, na unyevu wa pwani huotesha ukungu. Karatasi ya gazeti huiva manjano kwa jua, kwa hiyo iwekeni gizani, mahali pakavu penye hewa. Msibandike kwa salotepu, kwani gundi yake huacha doa lisilotoka. Uji wa ngano wa baba nao huita mende. Itieni karatasi katika bahasha safi, na muandike kwa penseli tarehe na jina la mwenyewe. Kisha mkalisheni mtoto, mumsomee, mumwulize: hapa tunamcheka nani, na kwa nini?

Mama yangu angali hai, alhamdulillahi. Kila Ijumaa baada ya chakula cha mchana huniagiza nilete daftari, nami humsomea. Macho yake hayaoni tena michoro, lakini vibonzo vyote anavijua kwa moyo, na mara nyingi hucheka kabla sijafika mwisho.

Mwenyezi Mungu awarehemu wazee wetu waliotangulia, awahifadhi waliobaki, na atusamehe tulipowakosea kwa jina la elimu. Wabillahi tawfiq.