Harusi Zibadilike, Wajibu Ubaki

Katika wilaya za Handeni na Korogwe, mkoani Tanga, kama katika sehemu nyingine za nchi, vijana wengi wanaooana siku hizi hujitungia harusi yao wenyewe. Kazi ya mshenga imechukuliwa na simu. Ngoma imempisha mshereheshaji. Mafunzo ya mwali yamebanwa katika jioni moja ya kicheni pati. Na mahali pa wazee wa ukoo pamekaliwa na kamati inayogawa kadi za michango. Wazee hulalamika kwamba mila imekufa. Vijana hujibu kwamba harusi ni ya wawili. Sisi tunaona kwamba pande zote mbili zinagombea vazi na kumsahau mvaaji.

Ikumbukwe kwamba katika sehemu hizi mila haijapata kuwa moja. Wazigua wa Handeni kwa asili huhesabu ukoo kwa upande wa mama, na Wasambaa, jirani zao, kwa upande wa baba. Reli kutoka Tanga ilipofika Korogwe mwaka 1902, na mashamba ya mkonge yakaenea, manamba walitoka pembe nyingi za nchi, na wengi wakaoa na kuoza huko huko. Mtoto wa Mnyamwezi alipoposa binti wa Kisambaa, wazee hawakuwa na budi kuketi na kupatana, wakachukua hili na kuacha lile. Kuchagua, basi, si jambo la leo.

Hata hivyo, kila desturi ilikuwa na kazi yake. Katika kisazi, mafunzo ya unyago wa wasichana wa Kizigua, mwali hakupewa zawadi za vyombo tu, alifundishwa maisha. Hans Cory, katika kitabu chake kilichochapishwa London mwaka 1956, alieleza sanamu ndogo za udongo zilizotumika katika mafunzo ya namna hiyo hapa Tanganyika, kila moja na wimbo na fundisho lake. Mshenga naye hakumaliza kazi siku ya harusi. Nyumba ilipotikisika, ndiye aliyeitwa kwanza.

Kuhusu mahari, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 ilikwisha kusema wazi: ndoa haiwi batili kwa sababu tu mahari ya kimila hayakutolewa, bali haiwezi kufungwa bila ridhaa ya hiari ya wote wawili. Kwa hiyo mzazi anayezuia ndoa kwa ajili ya ng'ombe wachache hana sheria upande wake. Lakini mahari hayo yalipopokelewa mbele ya watu, koo mbili zilikuwa mashahidi. Wawili wakiyaacha, nao wasiandikishe ndoa yao, mjane atathibitisha kwa nini, siku ya mirathi, kwamba alikuwa mke?

Sheria hiyo hiyo inataka, kwa kawaida, mgogoro wa ndoa upelekwe kwanza kwenye Baraza la Usuluhishi kabla ya kuombwa talaka mahakamani. Aliyemwondoa mshenga na mjomba katika harusi yake huenda akajikuta mbele ya wasuluhishi wasiomjua yeye wala mwenzake.

Ndugu zetu wa Unguja na Pemba wasidhani kwamba haya ni ya Bara peke yake. Sheria ya 1971 haitumiki visiwani, lakini somo na kungwi wanajulikana huko vizuri, na sherehe ya gharama inaweza kuwafunika huko pia. Tena wanafahamu kwamba katika Uislamu mahari ni haki ya bibi harusi mwenyewe, wala si bei ya baba. Fundisho hilo linafaa Handeni na Korogwe, ambako Waislamu ni wengi.

Tunawashauri viongozi wa kata na vijiji wawahimize wananchi kuandikisha ndoa, na wahakikishe kuwa mabaraza ya usuluhishi yana watu wenye busara. Wazazi waache kupima heshima kwa mifugo na ukumbi. Nao vijana, kabla ya kuifuta desturi yoyote, waulize ilikuwa ikifanya kazi gani, na wamtaje kwa jina atakayeifanya kazi hiyo badala yake. Keki huliwa ikaisha siku hiyo hiyo. Shahidi na msuluhishi huhitajika miaka mingi baadaye.