Wilaya, kata na vijiji vya Rwanda: Msafirishaji anayeingia Kigali ajue nini

Mzigo unaotoka Dar es Salaam au Mombasa ukiandikiwa "Masaka" tu kwenye hati ya kupokelea, dereva ana maeneo mawili ya kuchagua. Ipo Masaka ya Uganda, mji ulio kwenye barabara kuu ya kutoka Kampala kuelekea Mbarara, na ipo Masaka ya Rwanda, kata ya wilaya ya Kicukiro jijini Kigali, ambako kuna bandari kavu iliyozinduliwa mwaka 2019. Anwani isiyo na wilaya humgharimu mfanyabiashara muda, mafuta na wakati mwingine mteja.

Rwanda ni nchi ndogo, lakini utawala wake umegawanywa kwa ngazi nyingi, na kila ngazi ina kazi yake. Anayezifahamu hujua mzigo unakwenda wapi, ada inalipwa kwa nani na shida ikitokea aanzie ofisi gani.

Mageuzi ya mwaka 2006

Kabla ya mwaka 2006 Rwanda ilikuwa na mikoa 12, Jiji la Kigali likihesabiwa humo, na wilaya 106. Sheria iliyopitishwa mwishoni mwa mwaka 2005 ilibadilisha ramani yote. Ikabaki mikoa minne, ya Kaskazini, Kusini, Mashariki na Magharibi, pamoja na Jiji la Kigali. Wilaya zikapunguzwa hadi 30, na kata zikashuka kutoka 1,545 hadi 416.

Majina nayo yalibadilika, na hapo ndipo wageni wengi hukwama hadi leo. Mji uliokuwa ukiitwa Butare sasa ni Huye. Gitarama ni Muhanga, Ruhengeri ni Musanze, Gisenyi ni Rubavu, Cyangugu ni Rusizi, Kibuye ni Karongi, Byumba ni Gicumbi na Kibungo ni Ngoma. Madereva wa siku nyingi bado husema Gisenyi na Cyangugu, na wenyeji huwaelewa. Lakini kwenye ankara, mkataba au hati ya forodha jina linalotakiwa ni lile la wilaya ya sasa.

Ngazi tano, kazi tano

Kinyarwanda huita mkoa intara, wilaya akarere, kata umurenge. Chini ya kata kuna akagari, na chini ya akagari kuna umudugudu, yaani kijiji au mtaa. Mtanzania asichanganye akagari na kijiji cha kwao. Akagari ni eneo lenye vijiji kadhaa ndani yake.

Mkoa huongozwa na gavana anayeteuliwa na rais, na kazi yake kubwa ni uratibu. Kwa nchi nzima nje ya Kigali, mamlaka yenye uzito kwa mfanyabiashara ni wilaya. Ina baraza, ina bajeti, inasaini mikataba na kutangaza zabuni. Meya wake huchaguliwa na wajumbe kutoka miongoni mwa madiwani.

Kata na akagari huongozwa na katibu mtendaji, ambaye mitaani huitwa gitifu. Huyu ndiye mgeni atakayekutana naye mapema akipangisha ghala au kufungua duka. Mkuu wa umudugudu huchaguliwa na wakazi na hufanya kazi kwa kujitolea. Hana kazi ya kutoza kodi, lakini anajua nani anaishi wapi, na neno lake husaidia pale penye mgogoro wa nyumba au mpangaji.

Kigali ina utaratibu wake

Jiji la Kigali lina wilaya tatu: Nyarugenge, Gasabo na Kicukiro. Kwa pamoja zina kata 35. Sensa ya mwaka 2022 ilihesabu jijini watu 1,745,555.

Wilaya hizi tatu si sawa na nyingine 27. Sheria ya Julai 2019 iliziondolea hadhi ya kuwa taasisi zinazojitegemea kisheria. Tangu mabadiliko hayo wilaya za Kigali husimamiwa na watendaji wanaoteuliwa, na maamuzi makubwa, bajeti na mikataba yako mikononi mwa Jiji. Baraza la Jiji lina wajumbe 11: sita waliochaguliwa, wawili kutoka kila wilaya, na watano walioteuliwa na rais. Maana yake kwa mzabuni ni kwamba anayetaka kuuza mali au huduma kwa serikali za mitaa za Kigali anashughulika na Jiji. Mkataba uliosainiwa na ofisi isiyo na mamlaka ni karatasi tu.

Kusoma anwani ni rahisi kuliko wengi wanavyodhani. Vibao vya barabara huanza na herufi mbili: KN ni Nyarugenge, KG ni Gasabo, KK ni Kicukiro. Hufuata namba, halafu aina ya barabara. Anwani inayoanza na KG haiwezi kuwa Nyarugenge, hata mpokeaji akisisitiza kwenye simu.

Tahadhari nyingine ni majina yanayojirudia. Nyarugenge ni wilaya na pia ni kata ndani ya wilaya hiyo. Kicukiro vivyo hivyo. Kigali yenyewe ni jina la jiji na la kata moja ya Nyarugenge. Nyanza ni wilaya ya Mkoa wa Kusini, lakini ni mtaa pia huko Kicukiro. Ndiyo sababu wilaya na kata ziandikwe pamoja kila mara.

Mpaka upi uko wilaya ipi

Rusumo, lango la Tanzania lenye kituo cha pamoja cha forodha kilichozinduliwa mwaka 2016, liko wilaya ya Kirehe. Lori likitoka hapo hupita Ngoma, Kayonza na Rwamagana kabla ya kuingia Kigali. Kagitumba, mkabala na Mirama Hills ya Uganda, ni wilaya ya Nyagatare. Gatuna ni Gicumbi, na Cyanika ni Burera.

Upande wa Congo, vivuko vya kwenda Goma viko Rubavu na vya kwenda Bukavu viko Rusizi. Upande wa Burundi, Nemba iko Bugesera na Ruhwa iko Rusizi.

Mipaka hii hufungwa na kufunguliwa kwa maamuzi ya serikali kuu, si ya wilaya. Gatuna ilifungwa kwa malori Februari 2019 na kufunguliwa tena mwisho wa Januari 2022. Januari 2024 Burundi ilitangaza kufunga mipaka yake na Rwanda. Meya wa wilaya ya mpakani hawezi kumfungulia mtu lango, hivyo habari za mpaka ziulizwe forodha na kwa wakala kabla ya kupakia.

Nani anatoza nini

Ushuru wa forodha na kodi ya ongezeko la thamani ni vya serikali kuu, na hukusanywa na Mamlaka ya Mapato ya Rwanda. Fedha za serikali za mitaa ni pamoja na leseni ya biashara, ambayo wengi huiita ipatanti, kodi ya majengo na kodi ya mapato ya pango. Hizi nazo hupokelewa na Mamlaka ya Mapato kwa niaba ya wilaya na Jiji. Ipatanti hulipwa kabla ya Januari 31 kila mwaka, na mwenye matawi huhitaji cheti kwa kila tawi.

Kwa hiyo mtu anayejitambulisha kuwa mtumishi wa kata na kudai kodi mkononi bila stakabadhi aombwe namba ya malipo. Asipokuwa nayo, fedha zisitolewe.

Mambo ya kuzingatia

- Hati ya mzigo iandikwe mkoa au Jiji, wilaya, kata na namba ya barabara.
- Majina ya zamani ya miji yasitumike kwenye nyaraka.
- Jumamosi ya mwisho ya mwezi ni siku ya umuganda, kazi ya pamoja ya jamii. Kuanzia saa 2 hadi saa 5 asubuhi maduka hufungwa na barabara hutulia, hivyo kushusha mzigo kupangwe mchana.
- Kiswahili ni lugha rasmi Rwanda tangu mwaka 2017, lakini karatasi nyingi za kata huandikwa Kinyarwanda. Asiyeielewa atafute wa kumsomea kabla ya kusaini.